Saa 3 asubuhi nimeshamaliza kazi ya siku: je, mimi ni mvivu?

*"Shikamoo mama. Nina miaka 29, ni msaidizi wa kumbukumbu katika ofisi moja ya serikali mkoani, mwaka wa nne sasa. Nilipoanza, masjala yetu ilikuwa na pilikapilika: barua zinaingia, majalada yanatoka, wakuu wa idara wanatuma watu kila saa. Tangu tulipohamia ofisi mtandao, barua nyingi zinapita kwenye kompyuta bila kufika kwetu. Tupo watatu, na kazi iliyopo haimtoshi hata mmoja. Saa 3 asubuhi nimemaliza. Kuanzia hapo nafungua jalada na kulifunga, nahamisha karatasi, nashika simu chini ya meza. Kwenye PEPMIS, mfumo wa serikali wa kupima utendaji wetu, najaza kazi kwa kuzirefusha. Narudi nyumbani nimechoka kuliko mtu aliyebeba zege, na usiku usingizi hauji. Naona aibu kulalamika, maana wadogo zangu wawili wana digrii na bado wanazunguka na bahasha. Baba akipiga simu namwambia kazi zimenibana. Je, mimi ni mvivu? Au ndiyo mtumishi hewa mwenyewe? Nikimwambia mkuu wangu si nitakuwa nimejifukuzisha? Au niache kazi?"*

Marahaba, mwanangu. Umeuliza maswali manne, lakini lililonigusa zaidi ni lile ambalo hukuliuliza waziwazi: inakuwaje mtu asiye na kazi achoke kiasi hicho? Nitaanza nalo, kwa sababu ukishalielewa, hayo mengine yatakuwa mepesi.

Tumezoea kusema mtu anafanya kazi apate mshahara, basi. Kwa hiyo anayepata mshahara bila jasho tunamwita mwenye bahati, na akilalamika tunamwona hana shukrani. Karibu na Vienna, nchini Austria, kuna kijiji kinaitwa Marienthal. Karibu kijiji kizima kiliishi kwa kiwanda kimoja cha nguo, na mwaka 1929 kiwanda kikaanza kufungwa. Watafiti, wakiwemo Marie Jahoda, Paul Lazarsfeld na Hans Zeisel, waliwachunguza watu hao kwa karibu, na mwaka 1933 wakachapisha walichokiona. Ungetegemea watu wenye muda kiasi kile wasome zaidi. Maktaba ilikuwepo, na ada yake iliondolewa, lakini vitabu vilivyoazimwa vilipungua karibu nusu ndani ya miaka miwili. Wanaume wengi waliacha kuvaa saa. Walitembea polepole, wakisimamasimama njiani, huku wanawake, waliokuwa na watoto na jiko la kuangalia, wakiwapita. Walipoombwa waeleze siku zao, baadhi hawakukumbuka walifanya nini tangu kuamka hadi chakula cha mchana.

Wewe una mshahara na wao hawakuwa nao. Hiyo ni tofauti kubwa, sitaidharau. Ila Jahoda, miaka mingi baadaye, alieleza jambo linalokuhusu moja kwa moja: kazi humpa mtu fedha, halafu humpa vitu vingine vitano ambavyo havionekani mpaka vikosekane. Humpa mpangilio wa siku. Humpa watu wa kukutana nao nje ya familia. Humpa lengo analoshirikiana na wenzake. Humpa jina na heshima mbele za watu. Na humlazimisha awe na shughuli. Jipime kwa hivyo vitano. Siku yako ina kusaini daftari la mahudhurio saa 1:30 asubuhi na kutoka saa 9:30 alasiri, katikati hakuna kitu. Wakuu wa idara hawatumi tena watu dirishani kwako. Lengo hulioni. Heshima yenyewe umebaki kuitunza kwa kumdanganya baba yako. Mshahara unaingia, hayo mengine yamekauka. Hapo ndipo uchovu wako unapoanzia.

Halafu juu yake umeongeza mzigo wa pili, na huu nadhani ndio mzito zaidi: kuficha. Mwaka 2007 Waswisi wawili, Philippe Rothlin na Peter Werder, waliandika kuhusu hali hii ya kuchoshwa na kukosa kazi, na sehemu kubwa ya walichoeleza ni mbinu ambazo wafanyakazi hutumia ili waonekane wana shughuli. Ukizisoma utacheka, kisha utajiona. Jalada limefunguliwa mezani ukurasa uleule tangu asubuhi. Kalamu iko mkononi. Sikio limetegwa korido, unasikiliza ni viatu vya nani vinakuja, na kidole kiko tayari kuzima simu. Saa sita mfululizo mwili wako uko katika hali ya mlinzi wa usiku. Mtu aliyebeba zege, akishusha ndoo, amepumzika. Wewe huna mahali pa kuishusha. Ndiyo maana usiku unafika umechoka na huwezi kulala: siku nzima mwili ulikesha, na haukutumika.

Sasa, uvivu. Mvivu ana kazi mbele yake na anaikwepa. Kazi yako wewe unaimaliza saa 3, tena hujasema kwamba imewahi kurudishwa kwa makosa. Sijawahi kumwona mvivu anayekosa usingizi kwa sababu hakupewa kazi. Hilo liondoe kichwani leo.

Kuhusu mtumishi hewa, neno hilo lina maana yake na usijipake. Katika uhakiki wa watumishi wa umma uliofanyika Tanzania mwaka 2016, walioitwa watumishi hewa yalikuwa majina yaliyobaki kwenye orodha ya mishahara huku wenyewe wamekufa, wameacha kazi, au hawakuwahi kuwepo. Wewe upo, umethibitishwa, unasaini, na ukiulizwa jalada unalitoa. Ofisi yako ndiyo haikupanga upya kazi baada ya mfumo kubadilika. Hilo ni tatizo la mgawanyo wa kazi, na mgawanyo wa kazi si jukumu la msaidizi wa kumbukumbu.

Huenda pia umesikia kwamba kukaa bure kazini kunaua. Kauli hiyo inatokana na uchunguzi wa watumishi wa serikali mjini London, zaidi ya 7,000, walioulizwa katika miaka ya 1985 hadi 1988 jinsi walivyochoshwa na siku zao, kisha wakafuatiliwa hadi 2009. Ni kweli waliosema wamechoshwa sana walionekana kufa mapema zaidi. Lakini watafiti walipozingatia vyeo vyao, afya zao na mazoezi waliyofanya, sehemu kubwa ya tofauti hiyo ilififia. Kwa hiyo usiogope kwamba kiti chako kinakuua. Angalia yale yanayoambatana nacho: kukaa bila kutembea, soda na maandazi ya kupitisha muda, bia ya jioni ya kusahau siku. Hayo yapo mikononi mwako.

Tuje kwenye PEPMIS. Hapa nitasema nawe kwa ukali kidogo, kama mama. Acha kurefusha kazi. Najua kwa nini unafanya hivyo, na najua si wewe peke yako. Lakini fikiria kinachotokea ukishabonyeza kutuma. Msimamizi anaona masjala imejaa kazi. Bajeti inapoandaliwa, ikama, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa, inabaki ya watu watatu, na mahali pengine kuna kituo cha afya chenye mhudumu mmoja anayetafuta kadi za wagonjwa mwenyewe. Zaidi ya hapo, siku utakayotaka kueleza kwamba huna kazi ya kutosha, taarifa zako mwenyewe zitakukana. Jaza ulichofanya. Kikiwa kidogo, kiwe kidogo.

Unaogopa kwamba ukisema umejifukuzisha. Hofu hiyo naielewa, ila ipime vizuri. Wewe ni mtumishi uliyethibitishwa kazini. Huwezi kuachishwa kwa kuwa uliomba kazi. Serikali ina uwezo wa kufuta nafasi, hilo sitakuficha, lakini kuna taratibu zake na stahili zake, na kwa kawaida mtu huhamishwa au hupangiwa kazi nyingine kabla ya kufika huko. Na uamuzi kama huo hausubiri wewe useme: mfumo wa ofisi mtandao unaonyesha barua ngapi zinapita wapi. Wenzako walioko kampuni binafsi wana mazingira magumu kidogo kuliko yako. Kule mwajiri anaweza kupunguza wafanyakazi kazi ikipungua, ingawa Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamtaka atoe taarifa na kushauriana nao kwanza, na aliyetimiza mwaka mmoja kazini hulipwa kiinua mgongo cha mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka, isiyozidi miaka 10. Anayeona ameachishwa kwa uonevu ana siku 30 tu za kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Nimeyataja kwa sababu najua na wao watasoma hapa.

Tatizo, mwanangu, ni namna ya kusema. Ukiingia kwa mkuu wako na kumwambia "sina kazi", umemkabidhi tatizo. Atakuangalia, atasema "tutaona", na utatoka na aibu zaidi. Ingia na kazi mkononi.

Na kazi ipo. Hapa niruhusu nisimulie. Nilikuwa afisa utumishi kwa miaka 26. Katika ofisi moja niliyofanya kazi alikuja mwalimu mstaafu, mama mtu mzima, na mfuko wa rambo wenye nakala za barua zilizopauka. Mafao yake yalikwama. Jalada lake binafsi lilikuwa na juzuu mbili kabatini na ya kwanza haikuonekana, na humo ndimo ilimokuwa barua ya ajira ya kwanza. Bila barua ile, tarehe aliyoanza kazi ilikuwa neno lake tu, na mafao huhesabiwa kwa muda wa utumishi. Alikuja mara ya kwanza, ya pili, ya tatu, kila mara kwa nauli ya kukopa. Mara ya nne kijana wa masjala, ambaye siku hiyo hakuwa na la kufanya, alilivuta kabati kutoka ukutani. Juzuu ya kwanza ilikuwa imeangukia nyuma. Mchwa walikwishakula pembe yote ya chini, ila tarehe ilisomeka. Yule mama alikaa chini palepale sakafuni. Sijamsahau, na sijasahau kwamba kilichomsaidia ni kijana kuwa na muda.

Wewe muda unao. Mtumishi wa umma anastaafu kwa lazima akifika miaka 60, kwa hiari kuanzia 55. Katika ofisi yako wapo watakaofika huko mwaka huu na miaka miwili ijayo, na majina yao afisa utumishi anayo. Jalada la kila mmoja linatakiwa kuwa na barua ya ajira ya kwanza, ya kuthibitishwa kazini, za kupandishwa daraja, za uhamisho kama alihama, na taarifa zinazolingana na zile za PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma. Uliza ni mangapi yamekamilika. Mara nyingi hakuna anayejua, kwa sababu upungufu hugunduliwa siku mtu anapoondoka. Ofisi mtandao haikuigusa kazi hiyo. Mfumo unabeba barua za leo. Barua za mwaka 1991 ziko kwenye karatasi, zinakusubiri.

Andika dokezo sabili, yaani andiko fupi la ndani ya ofisi, kwa mkuu wako wa utawala. Kichwa cha habari: *Maombi ya kuhakiki majalada binafsi ya watumishi wanaokaribia kustaafu*. Aya ya kwanza: tangu ofisi mtandao ianze, kiasi cha barua zinazopita masjala kimepungua, na hapo weka idadi halisi kutoka kwenye rejista yako, mwezi kama huu miaka mitatu iliyopita na mwezi huu. Aya ya pili: kazi unayopendekeza, majalada mangapi, wiki ngapi. Aya ya tatu: omba kibali, kwa sababu majalada binafsi hayafunguliwi na mtu yeyote kwa hiari yake, na mengine yako masjala ya siri. Nusu ukurasa inatosha. Huhitaji kuandika kwamba umechoka au huwezi kulala. Idadi zitasema. Washirikishe wenzako wawili kabla hujapeleka; ukiwaruka, wataona umewachongea, na utaishi na chuki chumba kimoja.

Ukimaliza hilo, lipo la pili: majalada yaliyofungwa zamani yanayojaza mashelfu. Yana muda wake wa kutunzwa, na mengine yanastahili kupelekwa kituo cha kumbukumbu. Tahadhari moja tu. Usichome wala kutupa hata karatasi moja kwa kuona ni takataka. Kumbukumbu za umma zinalindwa na sheria ya mwaka 2002, na kuteketeza kunahitaji idhini ya Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa.

Je, mkuu akikataa, au akaliweka dokezo chini ya mengine? Inatokea. Subiri wiki mbili, kumbusha kwa maandishi, tunza nakala. Kisha fikiria kuhama au kubadilisha kada. Maombi ya uhamisho siku hizi yanapitia mfumo wa watumishi, na ofisi yenye masjala iliyolemewa haitakukataa kirahisi. Kubadilisha kada kunahitaji sifa za kada unayoitaka, na kuna gharama yake: unaweza kuanzia daraja la chini la kada mpya. Kabla hujasaini chochote, muulize afisa utumishi habari ya mshahara binafsi, yaani kubaki na mshahara wako wa zamani, usije ukashuka kipato bila kujua.

Kusoma naunga mkono, ila soma ukijua unaelekea wapi. Nimeona watu wanachukua diploma ya tatu kwa kuua muda, kisha wanabaki dawati lilelile na deni juu yake. Kwako wewe, utunzaji wa kumbukumbu za kielektroniki ndio mlango wa karibu: karatasi unazijua tayari, na watu wanaojua vyote viwili ni wachache. Biashara ndogo baada ya saa za kazi si kosa ilimradi haigongani na kazi yako. Ndani ya saa za kazi, kwenye meza ya ofisi, ni kosa, na itakuongezea kitu kingine cha kuficha.

Kuacha kazi? Kwa leo nasema hapana. Sisemi hivyo kwa kukutisha na bahasha za wadogo zako. Nasema kwa sababu ukiacha sasa utakuwa umehama kutoka kukosa kazi ukiwa na mshahara kwenda kukosa kazi bila mshahara, na wale watu wa Marienthal wamekuonyesha huko kukoje. Ukipata kazi nyingine mkononi, barua imeandikwa, tuzungumze upya.

Kuna hali mbili ambazo barua yangu haitoshi. Ya kwanza: kama kazi hazikupungua zenyewe, ila ulinyang'anywa baada ya kugombana na mtu, ukawekwa benchi ili ukate tamaa uondoke. Huo ni unyanyasaji. Nchini Ufaransa mwaka 2020 mahakama ya rufaa ya Paris ilimpa haki mfanyakazi aliyenyimwa kazi kwa miaka mpaka akaugua. Sheria zao si zetu, lakini usidhani malalamiko ya namna hiyo ni deko. Nenda kwa mwakilishi wa chama chako cha wafanyakazi, TUGHE au TALGWU kulingana na ulipo, ukiwa na tarehe na maandishi.

Ya pili ni ya haraka zaidi. Umeandika usingizi hauji. Kama hali hiyo imezidi wiki mbili, na pamoja nayo huna hamu ya kula, vitu ulivyovipenda havikugusi tena, unajiona huna thamani, nenda hospitali ya rufaa ya mkoa uulizie kliniki ya afya ya akili. Si lazima uwe "umechanganyikiwa" ndipo uende; wanaoketi pale kwenye benchi ni watumishi kama wewe, walimu, askari, mama wa nyumbani. Na kama mawazo ya kufa yamepita kichwani, hata mara moja, usisubiri wiki mbili. Nenda leo, na mtu wa kukusindikiza.

Na baba yako. Mwambie, mwanangu. Anza na neno dogo: "Baba, kazi yetu siku hizi imepungua, natafuta namna ya kuiongeza." Wazee wengi wamewahi kukaa mahali wakisubiri kazi, na kila simu inayokuja hutakuwa na uongo wa kulinda.

Jumatatu ukishasaini, fungua rejista ya barua zilizoingia na uhesabu ule mwezi wa miaka mitatu iliyopita, kisha huu. Dokezo likirudi, lolote mkuu wako atakaloandika pembeni, niandikie tena.